Mengineyo

Mihutasari niliiandika mimi, miaka kumi na mitano,
kwa kalamu ya bluu, halafu kwa kompyuta ya kata
iliyozimika kila umeme ulipokohoa.
Mahudhurio. Kufungua kikao. Yatokanayo.
Kazi yangu ilikuwa kufupisha watu.

Eliakunda Tesha alianzia chini, na sisemi kwa mafumbo:
chini, juu ya turubai, mnadani Kiborloni,
akiuza makoti ya Wazungu waliokufa au kunenepa,
akiwaita wateja kwa majina ya mama zao.
Ndivyo alivyoupata uenyekiti wa mtaa.
Hakuna aliyempigia kura mwanasiasa.
Walimpigia mtu aliyejua upana wa mabega yao.

Kisha udiwani. Usiku ule kwa Mrosso tulikunywa mbege
hadi kata ikaongezeka mitaa miwili.
Akapanda juu ya kreti: "Kalvati la korongoni, miezi sita!"
Nami nikaamini,
ingawa kuamini hakukuwa kwenye mkataba wangu.

Kikao cha kwanza Bi. Ndeshukurwa alinyoosha mkono.
Alisema masika yamembebea ndoo, na mbuzi wa jirani,
na kiatu kimoja cha mjukuu, cha shule, cha kushoto,
na kwamba mtoto sasa anakwenda darasani
na kandambili mguu mmoja, na walimu wanamchapa.
Niliandika: Mwananchi mmoja aliuliza kuhusu kalvati.
Limepokelewa.

Awamu ya pili lori lilishusha mabomba.
Kwenye karatasi manane, kando ya barabara matano.
Watoto waliyageuza nyumba, mbwa akazalia humo.
Yale matatu sijui yalikwenda wapi.
Yaani, najua.
Bi. Ndeshukurwa akanyoosha mkono.
Linafanyiwa kazi.

Akawa naibu meya. Koti lake likawa jipya,
la kushonwa, halikumfuata mtu mwingine kabla yake.
Akaingia vikao vya mkoa, kwenye meza ndefu
yenye maji ya chupa na jina lake kwenye kadi iliyokunjwa.
Alirudi kwetu akisema "wananchi wale"
kama anayeonyesha ng'ambo ya mto.
Mtu alipoinuka kusema, aliniinamia, akaninong'oneza:
"Yule ni nani?"
Nikamtajia. Nikawa ndiyo kumbukumbu yake,
na posho yangu, sikatai, ilipanda.

Kura za maoni zikamwangusha kwa kura sita.
Nilihesabu mara tatu, kwa kuwa aliniomba kwa macho.
Bahasha zake zilikuwa nyembamba mwaka ule,
au za Estomih zilikuwa nene; wenye kujua wanabishana.
Simu zake mbili zilinyamaza siku moja, kama mapacha.

Vuli iliyofuata, asubuhi mlima umejianika wote,
Kibo nyeupe hadi inakera macho,
aliingia ofisini bila dereva,
suruali ina tope mpaka magotini.
Inasemekana alfajiri alipitia kwa Bi. Ndeshukurwa
na jani la masale, limepigwa fundo.
Sikuliona.
Nilichoona ni bibi yule kwenye benchi la wananchi
akivuta kanga yake, akimwachia nafasi.
Nafasi ndogo. Nusu ya mtu.

Tukafika kwenye mengineyo. Akanyoosha mkono.
Mkono ule nilikuwa nimeuona ukipunga, ukikata utepe,
sikuwahi kuuona ukisubiri.
Alisubiri sana.
Mheshimiwa Estomih alitazama saa,
akaniinamia, akaninong'oneza:
"Yule mzee ni nani?"

Sikumjibu. Niliandika:
Bwana Eliakunda Tesha, aliyekuwa na turubai Kiborloni,
na Bi. Ndeshukurwa Kimaro, wa kiatu cha kushoto,
wanauliza kuhusu kalvati. Mabomba yalikuwa manane.

Rasimu ilirudi jioni, imepigwa mstari mwekundu.
Mheshimiwa anaomba nifupishe.